Vitoto vya Yeet

Joal, 26 Machi 2011

Dibor,

Salamu nimezibakiza nyumbani, usizitafute humu. Simu sikupigii kwa sababu nikisikia sauti yako nitatukana, na hapa uani pana watoto. Karatasi itanivumilia.

Jana maji yalipokupwa, wewe na wachimba kombe wenzako wa kisiwani mliingia na makapu kwenye fungu la mchanga pale mlangoni mwa mto, mkaokota vitoto vyote vya yeet tulivyovitia. Vyote. Mkavichemsha kwenye sufuria kubwa ya harusi, mkavimwaga mlangoni mwenu, nguruwe wakala. Usinikatalie. Aliyekuja kuniambia alikuwa anapita darajani na harufu ameisikia mwenyewe.

Nikueleze nini usichokijua? Tulizaliwa nyumba moja. Mama yetu alikuwa mkata yeet, na wewe ulikaa miguuni pake ukicheza na magamba makubwa kuliko kichwa chako. Unajua yeet ni konokono wa bahari, si samaki wa kutaga mayai elfu akaenda zake. Jike hubeba wanawe ndani ya mguu, humo humo kwenye nyama anayotembelea, mwezi juu ya mwezi, mpaka kila mmoja ameota gamba lake. Anazaa wachache. Wakitoka hawaogelei wala hawachukuliwi na mkondo. Wanatambaa kidogo, wanajifukia. Kitoto cha yeet kilipowekwa ndipo kwake. Ukiwamaliza mahali umewamaliza, hakuna ndugu zao watakaokuja kutoka mbali kujaza pengo.

Ndiyo maana sisi wakata yeet tulikubaliana. Ukipasua jike ukakuta watoto, unawatia kwenye beseni la maji ya bahari, na Ijumaa tunawapeleka fungu la mchanga. Kila mmoja anainama, anawaweka, anaondoka bila kugeuka nyuma. Huo ni mwiko wa mama, na wewe unaujua: ukigeuka, hawashiki mchanga. Misimu mitatu hatujaruhusu wavu pale. Nimegombana na manahodha, nimetukanwa na mashemeji, mmoja aliniinulia kasia. Nikasimama. Halafu anayenipiga kwa nyuma ni mdogo wangu wa ziwa moja. Kikulacho ki nguoni mwako, walisema wazee, na mimi siku zote nikidhani wanasema chawa.

Uliwezaje kusikiliza vile vigamba vikigongana kwenye maji ya moto? Lakini namuuliza nani. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, na wewe hukuzaa.

Nimeapa kwa jina la Mungu, mbele ya wanawake wote wa bandarini: mguu wangu hautakanyaga daraja lenu. Harusi ya Siga ni mwezi ujao. Wewe umemlea, lakini mimi ndiye niliyemzaa. Mrudishe Joal, aolewe akitokea nyumbani kwangu. Akiolewa akitokea kwako, mimi simo.

Tening


Kisiwani, 29 Machi 2011

Dada Tening,

Mimi salamu nakupa, kwa sababu nililelewa. Shikamoo.

Ndiyo, tumewachemsha. Ulitaka nikatae? Fungua mfuko aliokuletea mume wangu Latir. Hizo ni kombe zangu. Zimekufa kwenye tope lile lile ninaloinamia tangu sijavunja ungo, na kila moja ina tundu. Tundu safi, la duara, nyama imenyonywa imeisha. Msimu wa kwanza tulisema ni joto. Wa pili tukasema ni chumvi, mvua haikutosha. Wa tatu tukainua macho tukaona mitumbwi ya Joal inakuja kila Ijumaa na mabeseni, wanawake wanainama, wanaweka, wanaondoka na shingo ngumu. Mnaweka nini? Yeet. Na yeet anakula nini, dada, majani? Umefungia fisi wako kwenye zizi langu, na sasa unamlilia fisi.

Kwa nini hapo mlangoni mwetu? Bahari yote ile. Kwa sababu kwenda kwenye kina ni mbali na injini zinakunywa mafuta. Mkaona kisiwani ni karibu, na sisi wa magoti ya tope hatuna midomo.

Tena nikuulize jambo. Nani anawaua mama zao? Ni nyinyi. Mnampasua, mnamvundika, mnamwanika mpaka mji mzima unanuka, mnamtia kwenye wali. Halafu mwanawe ndiye mnayembeba kwa kitambaa kibichi mkimwimbia. Ni huruma gani hiyo inayoanza baada ya kisu?

Nguruwe wetu waache, hawajakukosea.

Kuhusu lile neno la kuzaa: umeliandika, limesomwa. Sitalijibu. Litakaa pale kwenye karatasi na jina lako chini yake.

Na Siga harudi. Uliniletea akiwa ameachishwa ziwa juzi tu, ukamweka mlangoni, ukaondoka. Mwaka mzima hukuonekana. Surua ilipomshika ni mimi niliyekesha naye. Amejifunza kutembea juu ya magamba haya, ana alama zake kwenye nyayo. Ngor ni fundi mzuri wa mitumbwi na ni wa Joal, hewala, amchukue. Lakini atamchukulia mlango huu. Ukitaka kumwona mwali, daraja lipo. Halijawahi kumng'ata mtu.

Dibor


Joal, 4 Aprili 2011

Dibor,

Mfuko wako nimeupokea. Umenitumia ushahidi unaokufunga mwenyewe, na ungekuwa na subira ya kuutazama kabla ya kuwasha moto, leo tusingekuwa hapa. Lakini subira mama hakukugawia.

Sikiliza. Kilibaki kitoto kimoja cha yeet, mama yake tulimpasua siku moja baada ya ushujaa wenu. Nimekitia kwenye karai la mchanga na maji, nikakiwekea kombe mmoja mzima. Kimemkumbatia. Kimemfunika kwa mguu wake wote, kikakaa hivyo tangu alasiri, hakitoboi, hakikwangui, kinangoja tu. Asubuhi kimemwachia. Gamba liko wazi, jeupe ndani, pande zote mbili bado zimeshikana kama mlango na bawaba zake. Nimekupelekea hilo gamba. Tafuta tundu. Ukiliona uniambie.

Yeet hana keekee ya kutobolea, Dibor. Ana mguu. Anamkumbatia kombe mpaka achoke, afungue mwenyewe. Ndiyo, anakula kombe, sijasema ni mtawa. Lakini hajawahi kutoboa hata mmoja tangu Mungu aumbe bahari.

Sasa chukua moja la matundu yako umpe mkwe wetu Ngor alitie kidole. Atakwambia hiyo ni kazi ya keekee. Na mwenye keekee unamjua, ila amekuwa mdogo mno kwa hasira zako. Ni yule konokono wa duara, rangi ya chai ya maziwa, anayepita chini ya mchanga bila kuonekana. Anapaka mate yake makali juu ya gamba, anakwangua, anapaka tena, mpaka anafika ndani. Mayai yake anayagandisha na mchanga yanakuwa kola. Zile kola za mchanga tulizokuwa tunazivaa shingoni utotoni, tukicheza bibi arusi. Nenda kwenye tope lako leo uangalie kola zimejaa kiasi gani.

Na anayemla huyo keekee ni nani? Nimepasua yeet maisha yangu yote. Sijui ni mara ngapi nimemkuta na keekee amemkunja ndani ya mguu, hajamaliza kumla. Mlikuwa na mgambo hapo mlangoni, anakula kombe zenu mbili tatu kama mshahara, mkamchemsha. Mwizi mkamwacha.

Umeniuliza huruma gani inaanza baada ya kisu. Ni huruma ya mtu anayekula, anayetaka na kesho ale. Wewe kombe zako unazichimba kwa kuziomba radhi?

Siga nilikupa kwa sababu mimba zilikuwa zinakutoka moja baada ya nyingine, ukawa huamki kitandani, Latir anakulisha uji kwa kijiko. Sikukopesha, nilikupa. Na leo unanihesabia surua.

Narudia: aolewe akitokea kwangu. Kiapo changu kiko pale pale.

Tening


Kisiwani, 13 Aprili 2011

Shemeji Tening,

Huyu ni Latir, punda wa barua zenu. Nina miaka hamsini na nane na goti bovu. Kazi yangu ni kupiga pondo, si posta. Mara ya mwisho nilipofika kwako ulinipa barua hata maji hukunipa, na nilipofika huku mwenzio akanipokonya barua, na maji pia hakunipa. Kwa hiyo leo naandika yangu, na nitaileta mwenyewe, na nitakunywa maji kwanza.

Lile gamba lako lisilo na tundu Dibor alilivurumisha majini. Akasema wewe ni mwongo tangu tumboni. Kesho yake maji yalipokupwa alitoka peke yake na kijiti. Alirudi amekunja gauni, limejaa kola za mchanga. Akazimwaga mlangoni, akakaa akizipapasa moja moja. Nikamuuliza, vipi? Akaniambia nikaangalie kama punda wangu wamekula. Mimi sina punda.

Tangu siku hiyo anawapeleka wanawake kuchimba hao keekee kwa vidole, wanawaponda kwa mawe. Wakiponda kapu hili, jingine limejaa. Kombe zenye matundu ni nyingi kuliko kabla hatujachemsha. Hajakuambia na hatakuambia. Nawajua nyinyi wawili, mkikosea huwa hamsemi samahani, mnapika. Sasa hampikiani, na mimi ndiye ninayekufa njaa.

Jambo la pili amenikataza nisiliseme, na nalisema. Dibor haoni maandishi. Ana mtoto wa jicho, macho yote mawili, tangu msimu wa mvua. Kola zile alizitafuta kwa vidole. Kila barua yako inasomwa na Siga, kwa sauti, hapa uani. Na kila jibu linaandikwa na Siga. Hukutambua kwa sababu mwandiko ni mmoja, Dibor ndiye aliyemshika mkono kumfundisha.

Kwa hiyo, shemeji, ulipoandika "hukuzaa", mdomo uliolitamka neno hilo mbele ya mke wangu ni mdomo wa mwanao. Alitaka kuliruka, nilimwona. Dibor akamwambia, soma vilevile. Akasoma. Akaikunja barua, akaenda kuchota maji, na tangu hapo anazungumza na kuku tu.

Mna binti mmoja katikati yenu na mnamvuta kila mtu mkono wake. Harusi ni Jumamosi ya tarehe thelathini. Kuna lingine zaidi ya haya, lakini hilo ni lake kusema.

Wako katika uchovu,
Latir


Kisiwani, 18 Aprili 2011

Mama Tening,

Hii naiandika kwa jina langu mwenyewe. Hakuna anayenisomea wala anayeniambia niandike nini.

Ni mimi.

Wale wanawake walitaka kuitisha kikao na nyinyi wa Joal. Mama Dibor mwenyewe alisema, tungoje, dada yangu tutaongea naye baada ya Pasaka. Mimi ndiye niliyesema kikao cha nini, mahali napajua, nimeshaenda nao Ijumaa, nitawaonyesha. Niliwatangulia. Nilijaza kapu la kwanza. Kuni nilizipanga mimi, moto niliuwasha mimi. Mama alipofika maji yalikuwa yameshachemka. Nilipokuwa naandika jibu lako aliniambia, andika "tumewachemsha", wewe usijitie. Nikaandika.

Uliuliza aliwezaje kusikiliza vigamba vikigongana. Aliyesikiliza ni mimi. Nilivisikia vyote, na sufuria sikuiepua.

Wenzangu walikuwa na sababu ya kombe. Mimi nilikuwa na yangu. Mwaka jana uliniita Joal nije nikusaidie siku ya kupeleka vitoto. Nilifurahi, nilivaa gauni la kanisani. Ukanipa ndoo tupu nishike. Wewe ulikuwa umevitoa kwenye beseni, umeviweka ndani ya kitenge ulichokilowesha, umevilaza kifuani. Mkono mmoja umeviinamishia jua lisivipige. Mtumbwi ulipopanda wimbi ukavishika kwa mikono miwili na mwenyewe ukaangukia kiuno. Hukulalamika, uliangalia kwanza kama vizima. Nikasimama na ndoo yangu nikasema moyoni, kumbe hivi ndivyo anavyobeba mtoto. Nilikuwa sijui.

Nina miaka ishirini na mbili. Umbali wa kutoka kwako hadi kwangu ni daraja ambalo mbuzi wanavuka. Ulikuja lini bila sababu? Umekuja kwa misiba, umekuja kwa kipaimara changu ukakaa nyuma karibu na mlango. Konokono umewapigania na manahodha wenye makasia. Mimi umenipigania lini? Mwezi huu tu, na ni kwa sababu una hasira na dada yako.

Umeandika kwamba kitoto cha yeet kilipowekwa ndipo kwake. Nimeisoma kwa sauti, nikairudia, Mama akadhani nimekosea mstari. Basi na mimi uliponiweka ndipo kwangu. Nitaolewa nikitokea hapa.

Siku ya Jumamosi kina Ngor watasubiri upande wa Joal, mwisho wa daraja. Unajua desturi: mwali anavushwa na mama yake, kichwa kimefunikwa kitenge cha mama yake. Ukija mlangoni kunichukua, kwa miguu yako, juu ya hilo hilo daraja uliloliapia, nitavuka mkono mmoja kwako na mmoja kwake. Usipokuja nitavuka naye peke yake. Nyumba ya Ngor iko mtaa wako, nitapita mbele ya mlango wako kila siku ya maisha yangu, na sitageuka. Kutogeuka nimejifunza kwako.

Siga


Joal, 25 Aprili 2011

Siga mwanangu,

Neno hilo la pili sijui kama bado nina ruhusa nalo, lakini kalamu imeshaliandika na karatasi ni ya mwisho.

Nina hasira. Nakuambia mapema usije ukadhani barua hii ni ya mtu aliyelainika. Nina hasira na wewe kwa vile vitoto, na nikifa nitakuwa nayo. Ungekuja hapa ukanipiga mimi. Ungenitukana katikati ya bandari, wanawake wakaleta vigoda wakasikiliza. Wale walikukosea nini? Umewachapa wao kwa kuwa mimi nilikuwa mbali, na hilo si la kishujaa, ni la mtoto. Basi. Nimelisema, nimelimaliza.

Sasa nisikilize na wewe. Ulinionaje vile nilivyobeba vitoto, ukadhani nilijifunzia wapi? Nilikubeba hivyo hivyo. Ilikuwa Mei, jua la kuua, na wewe una homa ya kuachishwa ziwa. Nilikilowesha kitenge kwenye mtungi, nikakuvika, nikakulaza kifuani, mkono mmoja nimekukinga kichwa. Ndivyo nilivyovuka na wewe lile daraja, lilikuwa la mbao wakati huo. Nikakuweka mlangoni kwa Dibor. Ukashika kidole changu, nikakubandua.

Ulilia. Nilikusikia mpaka katikati ya daraja. Ziwa lilikuwa limejaa, likafungua lenyewe, gauni likalowa mpaka kiunoni, na wanawake waliokuwa wanatoka sokoni waliniona wakanipisha. Sikugeuka. Nilifunzwa na mama kwamba unachokiweka ukikigeukia hakishiki, na mimi nilitaka ushike. Dada yangu alikuwa anakufa kitandani kwa kukosa mtoto. Nilitaka akupate mzima, asipate nusu. Wazee wakaniambia mwaka mmoja usionekane, ili mtoto amjue mama. Nikatimiza mwaka. Ulipotimia nikaja, nawe ukajificha nyuma ya gauni la Dibor ukaniuliza mimi ni nani. Umeshika, nikajiambia. Nikarudi zangu. Kila nilipotaka kuja nikaiona ile sura ikiniuliza mimi ni nani, nikapata kazi nyingine ya kufanya. Yeet hawaniulizi.

Hayo ndiyo. Ukiyaona hayatoshi, hayatoshi, sina mengine.

Kuhusu kiapo. Nimeapa kwa jina la Mungu na si mchezo. Kwetu Waislamu kiapo kikivunjwa kina kafara: kulisha maskini kumi, na asiye nacho afunge siku tatu. Cha kuwalisha maskini kumi sina, mlikichemsha. Kwa hiyo nitafunga. Nitavuka Ijumaa alasiri, na saumu naianza Jumamosi. Siku ya harusi yako mtanipakulia na sitagusa. Watu watasema, mwangalieni Tening, amekuja na hasira zake hata wali wa mwanawe hali. Waache waseme, nusu yake ni kweli.

Lile neno nililomwandikia Dibor usimsomee tena. Hii nayo usimsomee. Nitamwambia mwenyewe, kwa mdomo, na naja na sufuria.

Mama yako mmoja,
Tening


Kisiwani, 29 Aprili 2011

Dada,

Leo nimeandika mwenyewe, ndiyo maana mistari inapanda mlima. Siga nimemfukuza uani nisije nikasaidiwa.

Latir anasema umefika katikati ya daraja ukasimama. Anasema umeshika sufuria kwa mikono miwili, huendi mbele wala hurudi, na watu wanakupita pembeni kama jiwe. Sijui unangoja nini. Kama unangoja nije nikushike mkono, siji. Macho hayaoni ninapokanyaga, na lile neno bado limenikaa kooni. Utalitoa mwenyewe, ukifika.

Beseni lenu la Ijumaa lileteni kama kawaida. Wanawake wa huku nimewaambia, wamekubali, wawili wamenuna. Si kwamba umeshinda. Keekee wametuzidi.

Mwali hatoki mlangoni mkesha wa harusi yake, unajua, si kwetu wala si kwenu. Nimemwambia. Nimempigia kelele mpaka majirani wamesikia. Amerudi anataka kunipokonya karatasi hii sijamaliza, anasema ataileta mwenyewe. Ukaidi huo hakuutoa kwangu.

Kwa hiyo aliyesimama mbele yako ni yeye. Mpe sufuria aishike, wewe shika mkono wake, mje. Ya saumu Siga ameniambia, mengine hakunisomea; chakula chako cha kesho nitakifunika. Jua likitua utakula.

Dibor